Mwakarobo: Habari za Ukame wa Simba katika Vikombe vya Afrika

Kitangari iko katika wilaya ya Newala, ndani ya bonde lililojaliwa maji, na juu yake umeinuka uwanda wa Wamakonde usio na mto wala kijito. Mvua inyeshayo juu ya uwanda ule huzama mchangani mara moja, na kwa sababu hiyo wanawake wa Newala tangu zamani walikuwa wakishuka mabondeni na mitungi mitupu, kisha wakipanda mteremko ule ule na mitungi iliyojaa. Katika miaka ya 1950 serikali ya kikoloni ilianzisha mradi wa kuyapandisha maji kwa mitambo, na visima vya Mitema, karibu na Kitangari, vikawa tegemeo kubwa la uwanda. Mahali kama hapo neno ukame halitamkwi kwa mzaha. Walakini katika miaka ya karibuni watu wa huko, kama Watanzania wenzao, walizoea kulitumia kwa jambo jingine lisilohusu mvua, nalo ni kushindwa kwa Simba ya Dar es Salaam kuvuka robo fainali ya vikombe vya Afrika.

Huenda mgeni akauliza, mkulima wa mikorosho aliye mbali na Dar es Salaam kwa zaidi ya kilomita 500 ana haja gani na timu ya mtaa wa Msimbazi? Jibu lake ni la kihistoria. Wamakonde ni watu waliosafiri sana kutafuta kazi. Katika enzi za ukoloni wengi walikwenda kwenye mashamba ya mkonge ya Tanga na kwingineko, na wengine wakaishia Dar es Salaam, bandarini na majumbani kwa watu. Huko ndiko walikozikuta klabu mbili zilizoigawa nchi, Yanga iliyoanzishwa mwaka 1935, na ile ya mwaka 1936 iliyokuja kujulikana kwa jina la Sunderland hadi mwaka 1971, ilipoitwa Simba. Aliyerudi nyumbani alirudi na shuka, na chumvi, na upande wake. Kisha ikaja redio, na sauti ya mtangazaji ikamfikia hata yule ambaye hakupata kulitia jicho jiji. Tangu hapo mtoto wa uwandani amezaliwa akiwa wa nyekundu au wa kijani, na mara nyingi hajui ni nani aliyemchagulia.

Ili kuufahamu ukame uliokuja baadaye, yafaa kwanza kukumbuka jinsi neema ilivyokuwa. Mwaka 1974, mwaka ambao vita vya ukombozi ng'ambo ya Ruvuma vilifikia kikomo kwa mkataba wa Lusaka, Simba iliingia katika Kombe la Klabu Bingwa la Afrika, ikaenda Accra na kuwafunga Hearts of Oak 2-1 mbele ya watu wao, ikatoka nao sare nyumbani, ikaingia nusu fainali. Huko ilikutana na Mahalla ya Misri. Simba ilishinda 1-0 Dar es Salaam, ikafungwa 1-0 Misri, ikatolewa kwa mikwaju ya penalti. Msomaji na aishike hesabu hiyo, kwa maana itarudi tena.

Mwaka 1979 likatokea jambo ambalo wazee hawachoki kulisimulia. Mufulira Wanderers wa Zambia walikuja Dar es Salaam wakaifunga Simba mabao 4-0. Watu walirudi makwao wakihesabu habari imekwisha. Simba ikaenda Lusaka kwa marudiano, ikashinda 5-0, Thuwein Ally akifunga matatu peke yake. Katika masimulizi ya mpira wa Tanzania hakuna mfano wa mabao matano yale, na jambo la kuangaliwa hapa ni mahali yalipofungwa. Hayakufungwa nyumbani.

Kadhalika mwaka 2003. Simba, ikifundishwa na Mkenya James Siang'a, ilipangiwa Zamalek ya Misri, bingwa mtetezi wa Afrika. Ilishinda 1-0 Dar es Salaam, ikafungwa 1-0 Cairo, yaani hesabu ile ile ya Mahalla, na penalti zikapigwa katika mji wa wenyeji. Safari hii mlinda mlango Juma Kaseja aliokoa, Simba ikashinda 3-2, na bingwa akavuliwa taji nyumbani kwake. Accra, Lusaka, Cairo: Simba ya zamani, pamoja na umaskini wake wa viatu na nauli, ilikuwa na desturi ya kwenda kwa watu na kurudi na kitu.

Kati ya furaha hizo paliingia msiba mmoja ambao lazima utajwe, kwa kuwa miaka ya ukame huhesabiwa kuanzia hapo. Mwaka 1993 Simba ilifika fainali ya Kombe la CAF, na kocha wake alikuwa Abdallah Kibadeni, mmoja wa wachezaji wa kikosi cha 1974. Mpinzani alikuwa Stella ya Abidjan. Mchezo wa kwanza, ugenini, ulikwisha 0-0, na nchi nzima ikaona kombe limekwisha kuletwa. Katika marudiano Dar es Salaam Stella ilishinda 2-0. Kuanzia siku hiyo Simba haikuonekana tena katika nusu fainali ya kombe lolote la Afrika kwa muda wa miaka 32. Aliyezaliwa mwaka ule aliweza kukua, kusoma katika chuo cha ualimu cha Kitangari, kupangiwa shule, kuoa na kupata watoto, kabla timu yake haijafika tena huko.

Sehemu kubwa ya muda huo ilipita kimya. Baada ya hatua ya makundi ya mwaka 2003, Simba ilikaa miaka 15 bila kuifikia tena hatua hiyo, na mpenzi wa mpira hasononeki sana kwa kitu kilicho mbali naye. Maumivu yalianza pale mlango ulipofunguka nusu. Mwezi wa Desemba 2017 wanachama walikubali mfumo mpya, ambao mfanyabiashara Mohammed Dewji angechukua hisa asilimia 49 kwa shilingi bilioni 20. Fedha zikaja, wachezaji wakaja kutoka Zambia, Rwanda, Uganda na Ghana, na mwisho wa mwaka 2018 Simba ikaitoa Nkana ya Zambia, ikaingia makundi ya Ligi ya Mabingwa.

Katika makundi hayo ilijidhihirisha tabia ambayo ingeitawala miaka sita iliyofuata. Simba ilifungwa 5-0 na AS Vita mjini Kinshasa. Ikafungwa 5-0 na Al Ahly nchini Misri. Ikafungwa 2-0 na JS Saoura nchini Aljeria. Lakini nyumbani iliifunga Saoura 3-0, ikaifunga Al Ahly 1-0 kwa bao la Meddie Kagere, ikaifunga Vita 2-1 kwa bao la Clatous Chama mchezo ukielekea mwisho. Ilifungwa mabao 12 ugenini bila kufunga hata moja, ikavuka kwa pointi tisa, zote za nyumbani. Watu walifurahi mno, na walikuwa na haki ya kufurahi. Ni wachache waliokaa kitako wakaitazama hesabu ile na kuogopa.

Nyumbani penyewe palikuwa Uwanja wa Taifa, uliofunguliwa mwaka 2007 na wenye viti 60,000. Ulijengwa kwa msaada wa China, katika enzi za Rais Benjamin Mkapa, na huyu alikuwa mtu wa Lupaso, wilaya ya Masasi, chini ya uwanda huu huu wa Wamakonde. Alipofariki mwezi wa Julai 2020 akazikwa Lupaso, na uwanja ukapewa jina lake. Wapenzi wa Simba wakatunga msemo, Kwa Mkapa hatoki mtu, wakimaanisha kwamba mgeni aingiaye humo hatoki salama. Kwa hiyo jina la mtu wa Masasi likawa kitisho kwa Waarabu wa kaskazini na Wakongo, na kusini walilipenda jambo hilo, hata baadhi ya watu wa Yanga, ijapokuwa hawakulisema.

Sasa tazama robo fainali tano. Hatua hii huchezwa mara mbili, nyumbani na ugenini, na mabao yakajumlishwa.

Mwezi wa Aprili 2019 Simba ilitoka 0-0 na TP Mazembe Dar es Salaam, John Bocco akikosa penalti. Huko Lubumbashi Emmanuel Okwi alifunga katika dakika za mwanzo kabisa, na kwa kitambo kidogo ikadhaniwa kuwa mambo ya Lusaka yamerudi. Mazembe ikafunga manne.

Mwaka 2021 ulikuwa mchungu kuliko yote, kwa sababu Simba ilikuwa imeongoza kundi lake kwa pointi 13, ikiwa mbele ya Al Ahly yenyewe, ambayo iliifunga kwa bao la Luis Miquissone. Ilipangiwa Kaizer Chiefs ya Afrika Kusini, timu ambayo msimu huo ilikuwa ikisuasua katika ligi yake. Wengi walikwisha kuzungumza habari za nusu fainali. Simba ikaenda Johannesburg ikafungwa 4-0. Juma moja baadaye, Kwa Mkapa, ilishinda 3-0, Bocco akifunga mawili na Chama moja, ikatolewa kwa tofauti ya bao moja. Ni vigumu kupata mchezo unaoieleza Simba ya miaka ile kuliko ule wa 3-0. Walicheza kama mabingwa, lakini deni lilikwisha kuandikwa mahali pengine.

Mwaka 2022 ilikuwa zamu ya Orlando Pirates, katika Kombe la Shirikisho. Simba ilishinda 1-0 nyumbani kwa penalti ya Shomari Kapombe. Huko Johannesburg Chris Mugalu alitolewa kwa kadi nyekundu, Kwame Peprah akafunga bao la Pirates, na penalti zikaiondoa Simba, 4-3. Mwaka 2023, katika Ligi ya Mabingwa, dhidi ya Wydad ya Casablanca iliyokuwa bingwa mtetezi, Jean Baleke alifunga, Simba ikashinda 1-0 nyumbani, ikafungwa 1-0 Casablanca, ikatolewa kwa penalti, 4-3. Hesabu ya Mahalla, 1-0 na 0-1 na penalti, ilikuwa imerudi miaka miwili mfululizo, wala Kaseja hakuwapo. Mwaka 2024 Al Ahly haikungoja penalti. Ilishinda 1-0 Dar es Salaam na 2-0 Cairo.

Hapo ndipo lilipozaliwa jina la Mwakarobo. Wapenzi wa Yanga waliliunda kwa ustadi: limefuata sura ya majina ya Wanyakyusa wa Mbeya, kama Mwakasege na Mwakyembe, kana kwamba robo fainali ni ukoo na Simba ni mtoto wake. Jina la utani likiwa baya husahauliwa. Hili lilikuwa zuri, nalo likashika. Tena Yanga walilitupa wakiwa wamesimama mahali pa juu, maana mwaka 2023 wao walifika fainali ya Kombe la Shirikisho, wakafungwa 2-1 na USM Alger Dar es Salaam, wakashinda 1-0 Algiers, wakalikosa kombe kwa kanuni ya mabao ya ugenini tu. Walikwenda kwa watu wakashinda. Kwenye vibanda umiza vya uwandani, ambako watu hubanana kwenye mabenchi mbele ya televisheni moja kwa kiingilio kidogo, shabiki wa Simba hakuwa na la kujibu isipokuwa kutaja idadi ya makombe ya nchini, nayo ilikuwa hoja ya siku nyingine.

Maelezo ya msiba huo hayakukosekana. Wako waliosema ni bahati, na wako waliotafuta mkono wa mtu, kwa kuwa penalti mbili mfululizo haziwi hivi hivi. Wengine walilaumu makocha, na hawa walipewa nafasi ya kutosha ya kujaribu dawa yao: Patrick Aussems Mbelgiji mwaka 2019, Didier Gomes Mfaransa 2021, Pablo Franco Mhispania 2022, Robertinho Mbrazili 2023, Abdelhak Benchikha Mwaljeria 2024. Robo fainali tano, makocha watano wa mataifa matano. Kama ugonjwa ungalikuwa kocha, mgonjwa angalipona angaa mara moja. Wengine walisema Simba ilipangiwa wakubwa, na hilo lina ukweli wake. Pirates na Chiefs walifika fainali katika miaka hiyo, na Al Ahly alilichukua kombe lenyewe mwaka 2024. Lakini timu iliyoshinda Accra na Cairo haikuwa ikipangiwa wadogo.

Sababu imo katika hesabu. Katika robo fainali hizo tano Simba ilifunga nyumbani mabao matano, ikafungwa moja. Ugenini ilifunga moja, lile la Okwi, ikafungwa 12. Timu hii ilikuwa mbili: moja ilishindana na yeyote barani, na nyingine ilipanda ndege. Kadiri msemo wa Kwa Mkapa ulivyozidi kuwa imani, ndivyo safari ilivyozidi kuwa jambo la kuvumilia tu, mpaka watu warudi nyumbani. Wanawake wa Newala wangeuona upungufu huo mapema, kwa kuwa walijua kwamba kuujaza mtungi kisimani ni kazi nyepesi kuliko kuufikisha juu bila kumwagika.

Lipo jambo la pili, ambalo mashabiki walilitaja mara chache kwa kuwa halina hadithi. Kanuni ya mashindano humpa aliyeongoza kundi haki ya kumalizia nyumbani. Simba ilikuwa ya pili katika kundi lake mwaka 2019, na 2022, na 2023, na 2024, na kila mara ilianzia nyumbani ikamalizia ugenini, mahali pale pale ilipokuwa dhaifu. Bao moja la nyumbani lilikuwa mali ya kulindwa kwa siku saba, na kisha kwa dakika 90, mbele ya watu elfu nyingi wa kigeni. Mwaka 2021 peke yake ilimalizia nyumbani, na ndio mwaka iliofunga mabao matatu.

Isidhaniwe kwamba kumalizia nyumbani ni kinga. Stella alikwisha kulikanusha hilo mwaka 1993. Mwezi wa Oktoba 2021 Simba iliifunga Jwaneng Galaxy 2-0 kule Botswana, ikarudi Kwa Mkapa na furaha, ikafungwa 3-1, ikatupwa nje ya Ligi ya Mabingwa. Yamkini imani ya uwanja ilifanya kazi vizuri zaidi mgeni alipokuwa mkubwa wa kuogopwa. Alipokuja asiyejulikana, wenyeji walidhani uwanja utacheza peke yake.

Msimu wa 2024/25 ulianza bila matumaini makubwa. Kocha alikuwa wa sita, Fadlu Davids wa Afrika Kusini, kikosi kilikuwa kipya karibu chote, Chama alikuwa amehamia Yanga, na kombe lilikuwa la Shirikisho, ambalo mashabiki waliozoea Ligi ya Mabingwa walilitazama kwa jicho la pembeni. Mwezi wa Desemba Simba iliifunga CS Sfaxien ya Tunisia 2-1, Kibu Denis akifunga yote mawili, na mchezo ukaishia katika vurugu na viti kuvunjwa. Shirikisho la mpira la Afrika likatoa adhabu: mchezo uliofuata Kwa Mkapa ungechezwa bila watazamaji.

Mchezo huo uliofuata, wa tarehe 19 Januari 2025, ndio uliokuwa na uzito kuliko yote ya kundi, dhidi ya CS Constantine ya Aljeria, na aliyeshinda angeongoza. Basi viti 60,000 vikakaa vitupu. Sauti za wachezaji wakiitana na filimbi ya mwamuzi zilisikika wazi katika televisheni, hata vibandani watu wakanong'ona kana kwamba wamo msikitini. Simba ilishinda 2-0, ikamaliza ya kwanza kwa pointi 13 dhidi ya 12 za Constantine. Hivyo ile haki ya kumalizia nyumbani, ambayo ndiyo iliyouvunja ukame, ilipatikana katika uwanja usio na mtu, siku ambayo msemo wa Kwa Mkapa haukuwa na wa kuutamka.

Mpinzani wa robo fainali alikuwa Al Masry ya Port Said. Tarehe 2 Aprili, mjini Suez, Simba ilifungwa 2-0. Asiyeijua historia angesema hakuna kilichobadilika, na kwa upande wa mchezo wa ugenini angekuwa amesema kweli tupu. Lakini safari hii deni lilikuwa la kulipwa nyumbani. Tarehe 9 Aprili uwanja ulijaa tena. Elie Mpanzu wa Kongo alifunga katika kipindi cha kwanza, na kabla ya mapumziko Steven Mukwala wa Uganda akaongeza la pili. Kipindi cha pili kizima kilipita bila bao, na mtu yeyote aliyekumbuka Orlando na Casablanca alijua kinachokuja. Penalti.

Aliyesimama golini alikuwa Moussa Camara wa Guinea. Katika mikwaju mitatu ya Al Masry ni mmoja tu ulioingia. Simba ilipiga minne, yote ikaingia, ikashinda 4-1. Miaka 32 ilikuwa imekwisha, na jina la Mwakarobo likakosa wa kuitwa kwalo. Usiku ule huko Newala, mji kwa mji, pikipiki zilizunguka na bendera nyekundu, na waliolitunga jina walilala mapema.

Yaliyofuata yalikwenda haraka. Nusu fainali ilikuwa dhidi ya Stellenbosch ya Afrika Kusini, na kwa kuwa Uwanja wa Mkapa ulikuwa katika matengenezo, mchezo wa nyumbani ulipelekwa Zanzibar, Uwanja wa Amaan. Jean Charles Ahoua akafunga kwa mpira wa adhabu, 1-0. Hesabu ya Mahalla, kwa mara nyingine: bao moja la kubebwa hadi ugenini. Juma lililofuata, mjini Durban, Simba ilicheza dakika 90 bila kufungwa, 0-0. Watu waliufurahia ushindi wa Al Masry kuliko sare hiyo, na ni desturi ya watu kufurahia mabao. Lakini kwa anayezihesabu safari tangu Lubumbashi, Durban ndipo mahali pekee ambapo Simba, katika hatua za mtoano, ilitoka nyumbani ikarudi bila kupoteza kitu.

Fainali ilikuwa na RS Berkane ya Morocco. Tarehe 17 Mei 2025, Berkane, Simba ilifungwa 2-0. Waliozoea hawakushtuka. Lilipofungwa Suez lilifunguliwa Kwa Mkapa, na bao mbili ni bao mbili. Hata hivyo mvua kubwa ilikuwa imeiharibu nyasi ya Uwanja wa Mkapa, wakaguzi wakaukataa, na fainali ikapelekwa Amaan, ambako watu wapatao robo tu ya wale wa Dar es Salaam waliweza kuingia. Huko uwandani, ambako mvua huombewa, palikuwa na wazee waliocheka kwa uchungu kusikia kwamba safari hii iliyowakosesha uwanja wao ni mvua.

Tarehe 25 Mei Joshua Mutale aliifungia Simba bao la kwanza mapema, na kwa muda mrefu bao moja tu lilitosha kuipeleka nchi kwenye penalti. Halikupatikana. Mchezo ukielekea kumalizika Soumaïla Sidibé alisawazisha, ukaisha 1-1, na Berkane wakalichukua kombe mbele ya Wazanzibari. Katika michezo minane ya mtoano iliyochezwa ugenini tangu mwaka 2019, yaani Lubumbashi, Johannesburg mara mbili, Casablanca, Cairo, Suez, Durban na Berkane, Simba ilikuwa imefunga bao moja, na mfungaji wake, Okwi, alikuwa amekwisha kuondoka klabuni zamani.